Kilio cha Mjomba Godefroid, Ambaye Hakufa

Wiki jana mliniacha katikati ya Kenya, mtaa wetu wa hapa Élisabethville, nikiwa nimebeba sanduku la maiti kichwani, tupu, na watu wananipisha njia huku wamevua kofia. Tangu hapo sipiti sokoni kwa amani. Kila mmoja ananivuta shati: Casimir, nani alikufa? Ngojeni. Mwenye haraka akasome matangazo ya ndoa ukurasa wa nyuma.

Kwa yule aliyekosa gazeti: mimi ni Casimir Mwaba. Nilisoma kwa Mafrère, wale mabruda wa misheni, mpaka wakanichoka, na badala ya kuwa karani kama vijana ambao mama zao wanalala usingizi, niliuza kinga yangu, baiskeli nzuri yenye kengele, nikanunua kamera ya sinema ya mkono wa pili, ile ya kuzungushwa ufunguo kama saa ya mezani.

Sinema ya mapadri tulikuwa tunaiona Jumapili kwenye ukuta wa kanisa. Mtu ananawa mikono. Mtu anaua mbu. Mtu ananawa tena. Mimi nikaapa kutoa sinema ambamo watu wetu wanacheka, wanadanganyana na kuoana vibaya. Producteur, yaani mtoa sinema: mimi. Wa kampuni gani? Ya suruali yangu.

Mikosi mnaijua. Bobini ya kwanza, yaani filamu yenyewe, ilirudi kutoka Ubelgiji nyeusi kama chungu, kwa sababu nilisahau kuondoa kifuniko cha jicho la kamera. Kisha Bijou, aliyekuwa bibi arusi wa hadithi, akaenda Kipushi kuolewa kweli, ikabidi nimuue kwa homa, nyuma ya mlango uliofungwa.

Kilibaki kipande kimoja tu: kilio cha tajiri bahili. Na ilibaki bobini moja. Bila kilio, sinema haina mwisho. Bila kamera, Casimir hana mwanzo. Ile kamera ndiyo ilikuwa kinga yangu, kazi yangu na jina langu. Ishikeni vizuri akilini, maana leo itapita mikono mingi.

Kwanza nilihitaji maiti.

Nilikwenda kwa mjomba Godefroid, kaka wa mama yangu, fundi wa cherehani mwenye tumbo la kumtosha tajiri yeyote.

"Yomba, nataka ufe."

Hakuinua macho kwenye sindano. "Lini?"

"Jumamosi, kisha chakula."

"Chakula ya nani?"

"Yako."

"Basi nitakufa ya kushiba. Na viatu ao bila viatu?"

Hiyo ilikuwa rahisi. Mkewe, mama Albertine, ndiye aliyetoka jikoni na mwiko wa bukari, ugali wetu, mkononi.

"We Casimir! Kifo habaichezeake. Inasikia jina yake, inakuya kuona nani anaiita."

"Mama, weye njo utalia mbele ya kamera. Uso yako itakuwa mukubwa sawa ukuta ya kanisa."

Mwiko ukashuka kidogo.

"Ukuta muzima?"

"Muzima."

"Na nitavaa kikwembe gani?"

Nikajua nimepata mjane.

Sasa sikilizeni kosa langu, maana ni kosa la mtu aliyesoma. Mnawajua watu wetu mbele ya kamera. Mwambie mtu, "Ninakupiga picha," anakuwa mti. Mikono inashuka, shingo inakaza, macho yanatoka kama ya picha ya kitabu cha kazi. Mimi nilitaka nyuso za kweli. Kwa hiyo sikumwambia mtu yeyote wa ile avenue. Mama Albertine na wenzake wa kwaya wangelia, majirani wangekuja wenyewe, na mimi ningepiga sinema kwa siri kutoka bafuni, lile bafu la majani lililo pembeni ya lupango, kiwanja cha nyumba yao.

Nilifikiria jua. Nilifikiria kuku wasipite mbele ya kamera. Nilifikiria kila kitu isipokuwa kitu kimoja, na kitu hicho kina makucha.

Mjomba na mimi ni bena Mbushi, watu wa ukoo wa Mbuzi. Na kila Mbuzi ana watani wake: bena Ngo, ukoo wa Chui. Chui ndiye mla mbuzi, kwa hiyo mtu wa Chui anaweza kukutukana mbele ya wakwe zako na wewe huna ruhusa ya kununa. Lakini siku Mbuzi akifa, hapo Chui ndio wenye kilio. Watu wanalia, wao wanacheka. Wanamwiga marehemu, wanatoa siri zake. Na kitu chochote kinachowapendeza pale kilioni, wanakamata. Hakirudi mpaka maiti izikwe, na Mbuzi walete kuku na munkoyo, kile kinywaji cha mizizi. Kukidai kabla ya hapo ni aibu. Kukasirika ni aibu yenye watoto.

Haya. Jumamosi mjomba akala, akajilaza ndani ya sanduku kivulini, akafumba macho. Mama Albertine akafunga kikwembe chake kipya, akavuta pumzi.

Jamani, yule mama alilia!

"Godefroid yangu eee! Unaniachia nani na cherehani? Nani atakoroma usiku nijue hakuna mwizi? Godefroid eee!"

Alilia mpaka mimi mwenyewe bafuni nikaanza kumsikitikia mjomba. Avenue yote ikasikia. Wakaja mbio: mama mmoja na unga mpaka kwenye viwiko, mzee mmoja amevua kofia na midomo inamtetemeka, vijana wameacha mpira wao barabarani. Nyuso, ndugu zangu! Nyuso ambazo huwezi kuzinunua. Nikazungusha ufunguo, nikafinya, kamera ikaimba krrrr. Nilikuwa nimefika mbinguni, upande wa maproducteur.

Ndipo nikasikia vigelegele mahali pa kulia.

Mama Chileshe, muuza samaki wakavu wa soko la Kenya, mkubwa wa bena Ngo wote wa upande wetu, aliingia lupangoni akitembea kinyumenyume, na nyuma yake kundi la Chui wanapiga masufuria.

"Mbuzi moja chini!" akaimba. "Bamebakia wangapi?"

"Bengi!" wakajibu.

Akazunguka sanduku. Akazunguka nyumba. Kisha akasimama, akanusa hewa, akachungulia juu ya majani ya bafu.

"Kumbe! Na huyu Mbuzi mudogo anafanya nini kwa bafu na nguo yake yote? Yomba yake amekufa, yeye anaoga na jicho ya chuma?"

Mkono ukaingia, ukashika kamera, ukatoka nayo.

"Hii, Chui inakamata."

Watu wakapiga makofi. Nikanyoosha mkono. Nikaurudisha. Mtu wa Mbuzi kudai kitu mbele ya kilio chote? Bora nijizike mwenyewe. Nikatoka bafuni na sura ya mtu aliyekuja kuchukua sabuni.

Nilijiambia: tulia, Casimir. Mjomba alale tu. Watu wakienda, utamweleza mama Chileshe kwa pembeni, mtacheka, kamera itarudi.

Mjomba alale tu! Kama kwamba nilikuwa simjui mjomba.

Mama Chileshe alivaa kamera shingoni, akatia mto ndani ya blauzi ukawa tumbo, akaanza kutembea kama Godefroid, kitambi mbele, miguu inafuata baadaye.

"Fundi, suruali yangu iko wapi?" Chui mmoja akauliza.

"Kesho," akajibu kwa sauti ya mjomba.

"Kesho gani?"

"Ile ya Yesu kurudia."

Hata mzee wa kofia alicheka na machozi yake. Mimi macho yangu yalikuwa kwenye sanduku. Niliona kidole cha mguu kimejikunja.

"Sasa bageni bamekuya," akaendelea mama Chileshe. Akakaa chini, akajifanya anakula, akasikia hodi, akafukia kitu kwa haraka chini ya bukari. "Karibu, karibu, ndugu zangu! Oh, pole sana, leo hatukupika nyama. Tunakula bukari na neema ya Mungu."

"Bongo!"

Sauti ilitoka kwenye sanduku. Mjomba alikuwa ameketi wima, pamba za pua zimeruka, kidole kinamwelekea mama Chileshe.

"Bongo mutupu, uongo! Ile nyama ilikuwa ya jana, na ilikuwa inanuka!"

 Kisha lupango likamwagika. Mzee wa kofia, ambaye watu walimleta wamemshika mkono, aliruka ua kama swala. Mama wa unga alipita katikati ya bafu langu, na bafu likaenda naye. Barabarani wengine walikimbia wakipiga kelele kwamba mfu ameamka na anagombana juu ya nyama. Vikabaki viatu vya kila aina, kushoto bila kulia.

Mama Chileshe peke yake hakusogea. Alimtazama mjomba kwa huruma.

"Ah, Godefroid. Hata kufa unafanyaka nusu, sawa suruali zako."

Nikamsogelea mikono nyuma, kama mkwe.

"Mama Chileshe, utanisamehe. Ilikuwa sinema tu. Hakuna mufu. Nirudishie kamera yangu."

"Sinema?"

"Sinema, mama."

Akatoa mto tumboni polepole, akaukalia.

"Nilisikia kilio niko sokoni. Nikaacha samaki yangu kwa meza bila mutu. Nililia njia yote, mi Chileshe, nalilia hii gunia ya bukari. Hiyo machozi nayo ilikuwa sinema?"

 Shuleni hawakunifundisha jibu la hilo.

"Sheria unaijua, Mbuzi mudogo. Kitu Chui imekamata kwa kilio, hairudi mpaka mufu azikwe. Mufu wako iko wapi?"

"Hayuko."

"Basi na kamera haiko."

"Mpaka lini?"

"Mpaka siku Godefroid atakufa kwa kweli. Siku ile, kuya uniulize na heshima."

"Niko na afya muzuri sana," mjomba akasema akijipiga kifua.

Nikamtazama. Mara ya kwanza maishani mwangu, afya ya mjomba ilinihuzunisha.

Ni mama Albertine aliyeniokoa, au aliyenimaliza, mtaamua wenyewe. Uso wake ulikuwa ndani ya ile bobini, na hakukubali ukuta wa kanisa umponyoke.

"Mama Chileshe," akasema kwa asali, "kati ya Mbuzi na Chui hakukosake njia."

Mama Chileshe akakuna shingo, pale mkanda wa kamera ulipokuwa umempitia.

"Njia iko. Mulitutoa machozi kwa mchezo? Muzike kwa mchezo. Sanduku imefunguliwa kwa kilio, haifungwe bila mutu. Mbuzi moja alale ndani. Siye Chui tunamubeba na nyimbo mpaka mwisho ya avenue, tunamumwaga kwa majani, mambo imeisha. Kuku na munkoyo mutaleta kesho. Kamera inarudi leo."

"Yomba," nikasema, "rudia ndani."

"Miye? Nimekufa mara moja leo. Inatosha. Mgongo inaniuma."

"Yomba, nakuomba."

"Mbuzi haiko miye peke yangu." Na akanitazama. Mama Albertine akanitazama. Chui wote wakanitazama, wanajilamba.

Nilikuwa karibu kukataa. Lakini mtu wa sinema ni mgonjwa, na ugonjwa wake unaongea. Ukaniambia: Casimir, mazishi yenye Chui wanaocheza, sanduku begani, avenue nzima, jua la alasiri. Nani atakupa tena?

"Nitalala," nikasema. "Lakini mama Chileshe, weye upige sinema. Funga jicho moja, finya hapa. Ikinyamaza, zungusha ufunguo huku, mbele, siyo nyuma. Ukizungusha nyuma, utavunja roho yake. Usitembee mbio."

"Unanifundisha kutembea?" Akafinya hapo hapo, akapiga picha ya miguu yake mwenyewe, ndefu, ya kutosha kanisa zima. Nikafumba macho kwa uchungu, na kwa kuwa nilikuwa nimeshafumba, nikalala.

Kifuniko kikashuka. Nikainuliwa.

Sitawadanganya: ilikuwa tamu. Majirani walirudi, kwanza kufuata viatu, kisha kufuata kicheko. Chui wakaimba jinsi Mbuzi mdogo alivyokufa akichungulia. Mama Albertine akalia upya, safari hii kwa ajili yangu, na nikagundua kwamba kwangu alilia kidogo. Kupitia nyufa za mbao nilisikia kamera inaimba krrrr, inapumzika, inaimba tena. Nikacheka peke yangu gizani. Ni producteur gani mwingine, tangu Élisabethville iitwe Élisabethville, aliyetoa sinema akiwa amekufa?

Halafu wimbo ukakatika.

Sanduku likasimama, likashushwa chini bila upole. Wale waliokimbia, wasomaji wangu, hawakukimbia bure. Wengine hawakuwa na breki. Walikwenda moja kwa moja mpaka polisi.

Nikasikia buti. Nikasikia Kiswahili cha mzungu.

"Nani nakufa hapa?"

Nikasikia miguu ya watu inarudi nyuma.

"Batu nasema fundi Godefroid nakufa, kisha naamuka, kisha napiga kelele. Godefroid iko wapi?"

"Njo miye, Bwana Komiseri," sauti ya mjomba ikajibu, nyembamba kuliko tumbo lake. "Niko muzima, muone. Sikufaka hata kidogo."

"Sasa ndani ya sanduku iko nani?"

Nilingoja mtu aseme ukweli. Hakuna aliyethubutu, na siwalaumu. Jaribuni nyinyi kumweleza Komiseri mambo ya Mbuzi na Chui, barabarani, watu wamejaa, bila karatasi yoyote. Kabla hujafika kwenye kuku, umeshafika gerezani.

"Iko Casimir, Bwana," mama Chileshe akasema. "Mutoto ya dada yake."

"Nakufa na nini?"

"Na sinema."

"Sinema iko ugonjwa?"

"Kwa watu wengine hapana, Bwana. Huyu ilimushika mubaya. Ilianza kumukulia kinga, kisha akili, leo imemaliza."

Nikasikia mtu anakohoa kicheko ndani ya kiganja.

"Alikuwa mutoto muzuri," mjomba akaongeza bila kuulizwa. "Alikuwa na uzembe, na kiburi, na hakuwa anaheshimia wakubwa. Lakini muzuri."

"Na hii kintu kwa shingo yako?"

Alikuwa ameiona kamera yangu.

"Ya marehemu," mama Chileshe akasema.

"Marehemu alikuwa na ruhusa ya kupiga sinema?"

Ruhusa niliiomba. Waliniambia nisubiri. Nilikuwa bado nasubiri, tena kwa bidii.

"Bwana, ruhusa ya marehemu sasa iko kwa Mungu."

Buti zikasogea, zikasimama karibu na sikio langu.

"Sawa. Mufu hana kazi na kamera. Kintu bila mwenyewe inaenda bureau. Askari, kamata. Na nyiye, zika mutu yenu mbio mbio, njia ifunguke."

Mkanda ukatoka shingoni mwa mama Chileshe. Niliusikia. Kisha mama Chileshe akainama juu ya sanduku, akaanza kulia kwa sauti kubwa, kilio chenye ujumbe ndani yake.

"Lala, Casimir eee! Lala vizuri, mutoto yangu! Mufu mwenye akili haamukake mbele ya polisi! Kamera ni chuma, eee, weye ni mutu!"

Alisema kweli. Nikilala, wananibeba mpaka majanini, ninajikung'uta mavumbi, ninarudi nyumbani mzima, wala hakuna aliyeniona. Na kamera inaingia kabatini kwa serikali, pamoja na uso wa mama Albertine, mzee wa kofia, Chui wanaocheza, mazishi yote ambayo sitayapata tena. Nikiamka, nina kamera isiyo na ruhusa na maiti isiyo na kifo, mkononi mwa Komiseri.

Nililala. Naapa, nililala. Nilikaza macho, nikashika pumzi, nikawa maiti bora kuliko mjomba.

Hapo askari, mtu mwenye vidole vya udadisi, akaanza kuchezea kamera. Nikasikia ufunguo unazunguka. Nyuma. Springi ikalia ndani, kii, kama mtoto anayevutwa sikio. Akaongeza nguvu. Kiiii.

Nikainua mkono gizani. Nikagonga ubao kwa kidole kimoja, kwa adabu yote niliyofundishwa na Mafrère.

"Hodi," nikasema.